Kroger Babb: Promota aliyeomoka kwa kuuza kile wazazi waliogopa kusema

Mwaka wa 1945, ungeingia mji mdogo pale Ohio ama Oklahoma, ungepata foleni ndefu nje ya jumba la sinema. Saa nane mchana, wamama na madem pekee. Saa moja jioni, wamama na madem tena. Saa tatu usiku ndio zamu ya wanaume. Kuchanganyika ilikuwa marufuku kabisa. Ndani kulikuwa na manesi wamevaa nguo nyeupe, wakingoja watu wazimie. Na manze, watu walikuwa wanazimia kweli.

Muvi iliitwa Mom and Dad. Mwenye kuizungusha aliitwa Kroger Babb, msee ambaye hakuwa daktari, hakuwa mwalimu, na hata hakuwa dairekta. Alikuwa promota. Lakini kwa mamilioni ya Wamarekani wa enzi hiyo, huyu promota ndiye aliwaonyesha kwa mara ya kwanza mtoto anatoka wapi. Stori yake ni ya ujanja, uongo mwingi, na ukweli mmoja ambao serikali, kanisa na wazazi walikuwa wameuficha chini ya kitanda.

Babb alizaliwa tarehe 30 Desemba 1906 huko Lees Creek, kijiji cha Ohio, na jina lake kamili lilikuwa Howard W. Babb. Hiyo Kroger alibandikwa. Kuna wanaosema ni kwa sababu alifanya kazi kwa duka la Kroger akiwa kijana, wengine wanasema ni buda yake aliyependa kahawa ya B.H. Kroger. Vyovyote vile jina lilishika, na lilimfaa, juu maisha yake yote alikuwa muuza duka. Ni bidhaa tu zilikuwa zinabadilika.

Alishika kila mboka iliyopita karibu. Alikuwa refa wa mechi za vijana, akachezesha mechi nyingi hadi akaingia kwa Ripley's Believe It or Not!, ile safu ya mambo ya ajabu kwenye magazeti. Akaandika habari za spoti. Halafu akapata kazi ya matangazo kwa Chakeres-Warners, kampuni iliyokuwa na majumba ya sinema. Hapo ndipo akili yake ilifunguka. Aligundua kwamba watu wengi hawalipii muvi, wanalipia sababu ya kutoka nyumbani. Basi akawa anatangaza zawadi ya mifuko miwili ya shopping kwa mtu mmoja mwenye tiketi ya bahati. Mifuko miwili ya unga na sukari, na ukumbi unajaa.

Baadaye akajiunga na majamaa wawili, Cox na Underwood. Hawa walikuwa wamechukua muvi ya zamani ya msichana wa shule aliyepata mimba, wakaipachika kipande cha mama akijifungua kweli kweli, wakaipa jina jipya, Dust to Dust. Muvi yenyewe ilikuwa takataka. Lakini hicho kipande cha mwisho kilikuwa kinavuta watu kama siafu. Babb akaangalia hizo foleni na akaelewa kwamba kuna biashara hapo ambayo Hollywood imeiacha wazi.

Na kwa nini Hollywood iliiacha? Kuanzia 1934 studio kubwa zilikuwa zimefungwa mikono na Production Code, kanuni za maadili zilizosimamia kila muvi. Kanuni hizo zilikataza kuonyesha mtoto akizaliwa, hata kwa kivuli. Zilikataza habari za magonjwa ya zinaa. Ndiyo maana kwenye muvi za wakati huo bibi na bwana wanalala kila mtu na kitanda chake kama wanafunzi wa bweni, halafu siku moja tu mtoto anatokea. Mwaka 1938 muvi moja iliyoitwa The Birth of a Baby ilijaribu kuonyesha uzazi kwa heshima zote, na jarida la Life lilipochapisha picha zake, toleo hilo likapigwa marufuku sehemu kadhaa za nchi. Hiyo ni muvi ya kusaidia wamama, haina hata tone la matusi.

Babb hakuwa mtu wa studio kubwa, kwa hivyo hizo kanuni hazikumshika. Alichohitaji ni kisa chake mwenyewe. Stori inayosimuliwa ni kwamba alihudhuria mkutano wa wazazi huko Burkburnett, Texas, mahali karibu na kambi ya jeshi la anga. Vita vya pili vilikuwa vimepamba moto, kambi imejaa mabarobaro wenye yunifomu, na wasichana wa hapo walikuwa wanapachikwa ball mmoja baada ya mwingine. Wazazi wamekasirika, lakini hakuna hata mmoja aliyejua aanzie wapi kuongea na mtoto wake. Wengine wangeona msiba. Babb akaona soko.

Akakusanya wawekezaji, akapata dola 60,000 na kitu, pesa kidogo sana kwa muvi. Skripti ikaandikwa na Mildred Horn, dem aliyekuwa akiandika uhakiki wa muvi na ambaye, kwa maelezo ya wengi, hakuwa amefurahishwa hata kidogo na Dust to Dust. Badala ya kumnunia, Babb akampa kazi, na baadaye akamuoa. Kwa kiti cha dairekta akamweka William Beaudine, mzee aliyekuwa akiitwa One Shot kwa sababu ya kasi yake ya kupiga muvi. Kazi ikaisha kwa siku 6 tu, mwaka wa 1944.

Sasa cheki stori yenyewe. Kuna msichana anaitwa Joan Blake, mtoto wa familia nzuri. Anakutana na chali rubani kwenye densi. Chali anamchanganya na maneno matamu, mambo yanafanyika, halafu huyo chali anakufa kwenye ajali ya ndege. Joan anabaki na mimba na maswali. Alikuwa amemwomba mathe wake vitabu vya kueleza mwili wa mwanamke, mathe akakataa katakata, ati mpaka aolewe. Kwa shule kuna mwalimu aliyejaribu kufundisha hayo mambo, naye akapigwa kalamu. Mwishowe ukweli unatoka, mwalimu anarudishwa, na anaonyesha darasa filamu za mafunzo. Hizo filamu ndizo watu walikuwa wamelipia. Mtoto anazaliwa kwa njia ya kawaida, mwingine kwa upasuaji, halafu zinafuata picha za miili iliyoharibiwa na kaswende na kisonono.

Uigizaji wake ni wa kawaida tu, na sehemu kubwa ya mwanzo inaboesha. Pia nina shida na huyo rubani. Kufa kwake kunawaokoa waandishi, juu hakuna mtu anahitaji kumuuliza kitu. Msichana ndiye anabeba kila kitu hadi mwisho. Kisha kuna jambo lingine. Kufikia 1943 madaktari wa Marekani walikuwa wameanza kutibu kaswende kwa penisilini, na baada ya vita dawa hiyo ilienea. Lakini picha za vidonda ziliendelea kuzungushwa miaka na miaka, juu hofu ilikuwa inauza tiketi kuliko habari njema.

Lakini angalia vile Babb aliupanga huo ubaya. Kwenye muvi, adui si msichana. Si hata yule rubani. Adui ni mathe aliyekataa kufungua mdomo. Ndiyo maana muvi inaitwa Mom and Dad na haiitwi Joan. Mzazi aliyeketi kwa hicho kiti gizani alikuwa anashtakiwa yeye mwenyewe, na alikuwa amelipa tiketi ili ashtakiwe. Hiyo ilikuwa akili ya hatari.

Muvi ilizinduliwa Oklahoma City mapema Januari 1945. Kutoka hapo Babb akaanza ule mtindo uliomfanya maarufu. Mtu wake wa mbele alikuwa anafika mjini wiki kadhaa kabla ya muvi. Anabandika mabango kila ukuta, anajaza magazeti matangazo. Halafu zinaanza kutokea barua. Nyingine zinalaani muvi kwa hasira kama zimetoka kwa muumini aliyeudhika. Nyingine inaonekana imetoka kwa meya wa mji fulani, ikisimulia vile alikuwa anapinga muvi mpaka msichana wa hapo mtaani alipoiona na kupata ujasiri wa kusema hali yake. Unaweza kukisia ni nani alikuwa anaandika hizo barua, zote mbili. Leo tunaita hiyo kutafuta kiki. Babb aliifanya akiwa na stempu na bahasha tu.

Mji ukishagawanyika, pasta anapinga, daktari anaunga mkono, wamama wanabishana sokoni, kila mtu anaenda kuona ni nini hii.

Ndani ya ukumbi kulikuwa na mpango kama wa ibada. Mwanzoni watu walisimama wakaimba wimbo wa taifa, na we fikiria, nani atasema muvi ni chafu baada ya kuimba wimbo wa taifa? Halafu katikati muvi inasimamishwa, taa zinawaka, na anapanda jukwaani Elliot Forbes, mtaalamu mashuhuri wa usafi wa mwili na ndoa. Anaongea kwa sauti ya upole juu ya aibu na ujinga, anawaambia wazazi wajibu wao ni upi. Akimaliza, manesi wanapita kwa viti wakiuza vitabu viwili, Man and Boy na Woman and Girl, kazi ya Mildred Horn. Kila kimoja dola 1. Kuvichapisha kunagharimu senti 8 hivi.

Elliot Forbes hakuwepo. Yaani hakuna mtu wa jina hilo. Kulikuwa na Elliot Forbes wengi, waigizaji waliostaafu na watangazaji wa redio, kila mmoja akizunguka na kopi yake ya muvi katika jimbo tofauti, usiku uleule. Manesi nao, baadhi walikuwa wauguzi wa kweli waliokodishwa pale mjini, wengine walikuwa waigizaji waliovaa yunifomu tu.

Kwa watu weusi Babb alipanga shoo za peke yao, juu Marekani ya wakati huo ilikuwa na ubaguzi hadi kwa viti vya sinema. Hapo Elliot Forbes alibadilishwa na Jesse Owens. Ndiyo, yule Jesse Owens aliyechukua dhahabu 4 kwenye Olimpiki ya Berlin 1936 mbele ya Hitler. Bingwa wa dunia, lakini nyumbani kwake milango ya kazi nzuri ilikuwa imefungwa kwa sababu ya rangi yake, na ilibidi ahasle popote ganji ilipopatikana. Sijui wewe, lakini hiyo sehemu ya stori hunikera kuliko uongo wote wa Babb.

Wakubwa hawakunyamaza. Legion of Decency, chama cha Wakatoliki kilichokuwa kikipima muvi, iliilaani. Bodi za ukaguzi za majimbo na miji ziliikataa, polisi wakaja, kesi zikafunguliwa kwa mamia. Babb hakujali sana. Kesi ilikuwa tangazo la bure. Huko New York iligandishwa kwa miaka mpaka mahakama ya rufaa ilipoamua mwaka 1956 kwamba kuonyesha kuzaliwa kwa mtoto si uchafu. Hebu soma hiyo tena. Ilihitaji majaji kuamua kwamba kuzaliwa si matusi.

Uamuzi huo haukumsaidia Babb pekee. Ulikuwa sehemu ya kesi za miaka ya 50 zilizomega nguvu za wakaguzi wa muvi kidogo kidogo, na hatimaye Production Code yenyewe ikazikwa mwaka 1968. Ukiona leo muvi ya kawaida inaonyesha mama akiwa leba, jua kuna njia ilichimbwa, na mmoja wa wachimbaji alikuwa huyu mjanja.

Chapaa? Makadirio hayaelewani, na Babb mwenyewe alipenda kuongeza chumvi. Watafiti hutaja kati ya dola milioni 40 na milioni 100 kwa miaka yote ambayo muvi ilizunguka. Hata ukichukua ile ndogo, kwa muvi ya dola 60,000 na kitu, huyo msee aliomoka vibaya. Washindani wakaamka, wakaleta zao, Street Corner, Because of Eve, The Story of Bob and Sally, zote na mtindo uleule wa msichana, mimba, lekcha na kitabu.

Lakini swali ambalo hunirudia nikisoma juu ya huyu jamaa si la pesa. Ni kuhusu dem wa miaka 17 aliyekuwa ameketi pale saa nane mchana karibu na mathe wake. Babb hakumwambia chochote juu ya kuzuia mimba. Muvi haikugusa hiyo. Alimwonyesha damu na vidonda na akamuuzia kitabu chenye faida zaidi ya mara kumi. Na bado huyo dem alitoka pale akijua kitu ambacho hakuna mtu mwingine mjini alikuwa tayari kumwambia. Mathe wake naye alikuwa ameona kitu kilekile, kwa wakati uleule. Kwenye njia ya kurudi nyumbani, walau mmoja wao angeweza kuanza kuongea bila kulaumiwa kwamba ameanza uchafu.

Kuna wale watasema mwizi ni mwizi. Sawa. Lakini uliza ni nani aliacha mlango wazi. Nikiwa shule ya upili, somo letu la haya mambo lilikuwa mgeni mmoja, picha za kutisha, wasichana ukumbi huu na wavulana ukumbi ule, halafu tukaombewa tukarudi darasani. Hakuna aliyeruhusiwa kuuliza. Niliposoma juu ya shoo za Babb nilicheka, kisha nikaacha kucheka. Tofauti ni kwamba yeye angalau alikuwa anauza kitabu.

Baada ya Mom and Dad, Babb aliendelea kuzungusha vitu. Alichukua igizo la Pasaka lililokuwa likichezwa na wakaazi wa Lawton, Oklahoma, akaligeuza muvi ya Prince of Peace, lakini lafudhi za kienyeji za waigizaji zilikuwa nzito hadi ikabidi sauti zirekodiwe upya. Akachukua muvi ya bangi ya Lila Leeds, mwigizaji aliyeshikwa na karao pamoja na staa Robert Mitchum mwaka 1948, akaiuza kwa jina la She Shoulda Said No! Akanunua Summer with Monika ya Ingmar Bergman kutoka Uswidi, kazi ya sanaa ya maana, akaikata zaidi ya theluthi moja, akaitangaza kama stori ya dem mbaya. Wapenda sinema hawajamsamehe hadi leo.

Na hapa ndipo anatugusa sisi. Kwenye miaka ya 50 Babb alisambaza Marekani muvi iliyoitwa Karamoja, iliyopigwa kwa Wakaramojong wa kaskazini mashariki mwa Uganda, majirani wa Waturkana na Wapokot wetu. Matangazo yake yaliwauza kama watu wanaovaa upepo na kuishi kwa damu na pombe. Damu ya ng'ombe iliyochanganywa na maziwa ni chakula cha kawaida cha wafugaji, muulize Mmaasai yeyote. Lakini kwa Babb ilikuwa kama ile picha ya leba, kitu cha kufanya watu wazimie. Tofauti ni kwamba mama aliyekuwa akijifungua kwenye Mom and Dad aliwekwa hapo, angalau kwa jina, ili watu wajifunze. Wakaramojong waliwekwa ili watu washangae. Uchi wa Mwafrika uliitwa makala ya elimu, na wakaguzi waliokuwa wakali juu ya mzungu walilegea. Hapo siwezi kumtetea hata kidogo.

Televisheni ilipoingia kila nyumba na muvi za wengine zikaanza kuonyesha mambo mazito zaidi, mbinu za Babb zikapitwa na wakati. Nani atalipa kuona somo la uzazi kama jumba la pili linaonyesha kitanda chenyewe? Alijaribu biashara nyingine, akazeeka, akahamia Palm Springs, California. Alifariki tarehe 28 Januari 1980 akiwa na miaka 73, moyo ukiwa umechoka na kisukari kikimsumbua.

Mwaka 2005 Maktaba ya Bunge la Marekani iliiweka Mom and Dad kwenye National Film Registry, orodha ya muvi ambazo taifa linatakiwa kuzihifadhi. Muvi ya siku 6, ambayo polisi waliifukuza mji hadi mji, sasa inatunzwa na serikali.